Barua ya Kumrudisha Kwao

Barua ilikuja na mtoto mwenyewe. Alikuwa ameikunja mara nne na kuishika mkononi tangu stendi, na alipoingia ofisini kwangu asubuhi ile ya Machi 2025 aliinyoosha mbele yangu kabla hata hajaniamkia. Ilikuwa na aya mbili. Ya kwanza ilieleza kwamba mtoto huyu wa kike, umri miaka 15, alikutwa Dar es Salaam akifanya kazi za ndani katika mazingira yasiyofaa. Ya pili iliomba ofisi yetu imsaidie "kuunganishwa na familia yake". Chini yake muhuri na sahihi.

Mimi ni afisa ustawi wa jamii katika halmashauri moja ya mkoa wa Iringa, upande wa juu kwenye baridi na mianzi. Siku ile nilifanya nilivyozoea kufanya. Nilimnunulia chai na chapati, nikampigia simu mtendaji wa kijiji, nikapanda na mtoto pikipiki mpaka kwa bibi yake. Bibi alilia, majirani wakaja, mwenyekiti wa kitongoji akasaini kwamba mtoto amepokelewa. Baada ya wiki mbili nilirudi nikamkuta mzima, anateka maji. Nikaandika taarifa ya ukurasa mmoja, na juu ya jalada nikaandika: kisa kimefungwa.

Uchambuzi huu nauandika kwa sababu ya maneno hayo mawili. Jina la mtoto, kijiji na kata nimeviacha, na mambo mawili matatu nimeyabadilisha asitambulike.

Alimaliza darasa la saba Oktoba 2022, akachaguliwa kwenda kidato cha kwanza. Ada haipo, ilishaondolewa tangu 2016 mpaka kidato cha nne, lakini shule ilikuwa mbali, na kukaa hosteli kulitaka godoro, ndoo, sare, sweta, viatu na madebe ya mahindi. Bibi alikuwa na wajukuu watatu. Baba yao alifariki. Mama yao yuko Makambako na mume mwingine, huja sikukuu. Kwetu nyumba ya namna hii si ajabu. Utafiti wa kitaifa wa 2022/23 ulikuta maambukizi ya VVU kwa watu wazima wa Iringa ni asilimia 11.1, wakati taifa zima ni asilimia 4.4. Ukipita vijijini unaiona tarakimu hiyo imekaa barazani: bibi yupo, wajukuu wapo, kizazi cha katikati hakionekani.

Shangazi yao alikuja Krismasi kutoka Dar. Alimwambia bibi kwamba kuna mama mmoja mwema anatafuta msichana wa kazi, mshahara elfu thelathini kwa mwezi, chakula na malazi juu yake, na baadaye atampeleka akajifunze cherehani. Januari 2023 mtoto akashuka mlima Kitonga, kuelekea Dar, kwa mara ya kwanza maishani. Alikuwa na miaka 13.

Ratiba yake alinieleza bila kulalamika, kama mtu anayesoma orodha ya vitu vya dukani. Kuamka saa kumi na moja alfajiri, kuandaa watoto wawili wa shule, kufua, kudeki, kupika, kwenda gengeni. Jioni kufunga barafu za ubuyu ambazo mama mwenye nyumba aliziuza getini. Kulala saa tano, wakati mwingine saa sita usiku. Kwa miezi saba elfu thelathini ilitumwa kwa simu ya shangazi, na shangazi akawa anamtumia bibi kiasi. Mwezi wa nane mama mwenye nyumba alisema pesa sasa atamtunzia mwenyewe, atampa zote siku akiondoka. Februari 2025 shati la shule liliungua wakati wa kunyoosha, na pasi ikaishia kwenye mkono wa mtoto. Jirani aliyeliona kovu bombani alikwenda kwa mwenyekiti wa mtaa. Kutoka hapo ni dawati la jinsia na watoto polisi, siku chache kwenye nyumba ya hifadhi, nauli, barua, basi.

Kila aliyemgusa mtoto yule katika mnyororo huo alitenda wema, na jirani peke yake anastahili heshima kubwa. Nalisema hili mapema ili lawama isije ikawaangukia wenzangu wa Dar ambao wana mafaili mengi kuliko meza.

Juni ile nilikwenda kijijini kwa kazi nyingine, ya mdogo wake msichana yule. Mtoto huyo wa miaka minne alikuwa mfupi sana kwa umri wake. Mkoa wetu unalisha wengine, na bado utafiti wa afya wa 2022 ulionyesha asilimia 56.9 ya watoto wetu walio chini ya miaka mitano wamedumaa, kiwango kikubwa kuliko mkoa wowote nchini. Nilimkuta msichana akitoka kwenye kibarua cha kupalilia, jembe begani. Nikamuuliza anaendeleaje. Akasema anaendelea vizuri. Kisha, akiwa anaangalia chini, akaniuliza: "Mama, zile hela zangu, nani anazo?"

Nilirudi ofisini nikafungua jalada na kulisoma lote. Barua ya Dar, taarifa yangu, fomu ya mapokezi, sahihi ya mwenyekiti. Neno mshahara halikuwemo popote. Tulikuwa tumeandika mazingira yasiyofaa, mtoto aliye katika hatari, familia duni, ushauri nasaha. Maneno yetu yote yalimweleza kama mtu aliyepatwa na jambo. Hakuna neno hata moja lililomtaja kama mtu anayedai.

Hesabu ilichukua dakika tano. Amri ya Mishahara ya 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2023, iliweka kima cha chini cha mfanyakazi wa nyumbani anayeishi kwa mwajiri kuwa shilingi 60,000 kwa mwezi, na asiyeishi kwa mwajiri 120,000. Kutoka Januari 2023 mpaka Februari 2025 ni miezi 26. Mara 60,000 ni 1,560,000. Toa 210,000 zilizotumwa kwa shangazi, zinabaki 1,350,000. Hapo sijahesabu likizo wala saa za ziada.

Mwanzoni niliogopa kwamba umri wake ungemharibia dai. Alianza kazi chini ya miaka 14, umri wa chini wa kuajiriwa kwa mujibu wa sheria zetu, kwa hiyo mwajiri angeweza kusema hapakuwa na mkataba halali. Lakini ukiisoma Sheria ya Mtoto ya 2009 kwa utulivu unaona kwamba inakataza kumfanyisha mtoto kazi usiku, kati ya saa mbili usiku na saa kumi na mbili asubuhi, na hapohapo inampa mtoto haki ya kulipwa ujira unaolingana na thamani ya kazi aliyoifanya. Aliyevunja sheria ni mwajiri. Kosa la mwajiri haliwezi kugeuka kuwa punguzo lake la mshahara. Kuhusu mkataba wa maandishi, ambao haukuwepo, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inasema mwajiri akishindwa kuleta maandishi, mzigo wa kuthibitisha masharti ya ajira unamwangukia yeye. Msichana hakuhitaji karatasi. Mama mwenye nyumba ndiye aliyeihitaji.

Basi tatizo lilikuwa nini? Tatizo lilikuwa basi alilopanda.

Madai ya kazi yanapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Anayepinga kuachishwa kazi ana siku 30, na migogoro mingine ina siku 60. Shauri husikilizwa na ofisi ya Tume ya eneo ambako mgogoro ulizaliwa, isipokuwa Tume yenyewe ielekeze vingine. Mgogoro wake ulizaliwa Dar es Salaam. Siku tulipompandisha basi tulimtoa mahali ambako dai lake lingesikilizwa, na wakati mimi naandika "kisa kimefungwa" siku zake zilikuwa zinahesabika. Juni ilipofika zilikuwa zimekwisha. Jalada la polisi la lile kovu nalo lilibaki Dar, na shahidi mkuu wa kesi hiyo yuko kilomita zaidi ya mia tano, anapalilia.

Nililala na jambo hili usiku mwingi, na lililonisumbua zaidi ni kwamba hakuna aliyetumwa kumnyima haki. Tulimrudisha kwao kwa sababu ndivyo kazi yetu inavyojua kufanya. Nikaanza kujiuliza tulijifunza wapi.

Darasani tulifundishwa Sheria ya Maskini ya Uingereza ya 1601, kwamba ndiyo bibi wa taaluma yetu, kwa sababu iliifanya kila parokia, yaani eneo dogo la kanisa na utawala, iwajibike kwa maskini wake. Sikukumbuka kufundishwa dada yake, Sheria ya Makazi ya 1662. Hiyo ilijibu swali lililozaliwa na ile ya kwanza: kama kila parokia inalisha maskini wake, maskini wa kwingine akija afanywe nini? Jibu: arudishwe kwao. Mgeni aliyepanga nyumba ya chini ya pauni 10 kwa mwaka, akihofiwa kwamba atakuja kuwa mzigo, angeweza kuondolewa ndani ya siku 40 kwa amri ya mahakimu wawili. Hakuhitaji kuwa ameomba hata mkate. Ilitosha kwamba siku moja angeweza kuomba. Parokia iliyotumia nguvu za kijana ilikuwa na njia ya kuikwepa gharama ya ugonjwa na uzee wake.

Huko ni mbali, lakini Tanganyika haikuwa mbali na Waingereza. Mwaka 1944 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuwaondoa mijini watu "wasiotakiwa", na Waafrika wasio na kazi inayotambulika wakawa wanakamatwa Dar es Salaam na kurudishwa makwao. Mwaka huohuo wa 1944 wakulima wakubwa wa mkonge waliunda ofisi yao ya kuandikisha vibarua, SILABU, na moja ya maeneo yaliyotoa watu wengi ni hili letu: Ubena, Uhehe, Ukinga. Yaangalie vizuri mambo hayo mawili ya mwaka mmoja. Mkono mmoja unachukua watu Nyanda za Juu Kusini kuwapeleka Tanga na Morogoro, mkono mwingine unawatoa mjini wale ambao hakuna anayewahitaji tena. Mikono yote miwili ni ya mwili mmoja.

Bibi wa msichana anaijua habari hii kuliko mimi. Nilipokwenda kumweleza kuhusu madai, baada ya kamwene, salamu ya kwetu, na habari za mvua, alinyamaza kidogo kisha akasema baba yake mzazi alikuwa namba. Hivyo ndivyo wazee wanavyosema: alikuwa namba. Manamba, vibarua wa mashamba ya mkonge, waliitwa hivyo kwa sababu kila mmoja alipewa nambari. Walifanya kazi kwa kipande, kadi ya siku thelathini. Siku ambayo kazi haikukamilika haikutiwa alama, na mwezi ungeweza kuwa mrefu kuliko mwezi. Baba yake alirudi na blanketi, shuka mbili na kifua. Alikohoa miaka minne. Mama yake alimuuguza kwa shamba lilelile la mahindi.

Hapo ndipo penye siasa ya jambo lote, na nitakaa hapo kidogo. Ujira wa manamba ulihesabiwa kama wa mtu asiye na mke wala mtoto wala mzazi. Aliyelima mkonge alilipwa gharama ya kuishi yeye leo. Kumzaa, kumlea mpaka awe na nguvu, kumuuguza akirudi, kumzika: hayo yalikuwa ya kijiji, na kijiji maana yake wanawake. Mashamba ya Tanga yaliweza kulipa kidogo kwa sababu Ubena ilikuwa inalipia kinachobaki. Ustawi ulipopata ofisi rasmi Tanganyika baada ya Vita vya Pili vya Dunia, ulianza na askari waliorudi vitani. Manamba alikuwa tayari ana ofisi yake ya ustawi. Ni yule mama mwenye shamba la mahindi.

Uhuru ulibadilisha mengi. Azimio la Arusha la 1967 lilionya kwamba tusipoangalia, wanyonyaji wakubwa katika Tanzania watakuwa watu wa mijini wanaowanyonya wakulima. Nimelisoma onyo hilo mara nyingi na kila mara naiona ile pasi. Lakini tabia ya kurudisha watu haikwisha. Mwaka 1973, mwaka uleule ambao sheria ilianzisha chuo cha taifa cha ustawi wa jamii Dar es Salaam, ilitolewa amri kwamba ifikapo mwisho wa 1976 wananchi wote wa vijijini wawe wamehamia kwenye vijiji vya pamoja. Mwaka 1983 ikaja Sheria ya Nguvu Kazi, na watu wa mijini wasio na vitambulisho vya kazi wakasombwa kupelekwa vijijini. Nia ilikuwa kila mtu afanye kazi. Wapo waliosombwa wakiwa na kazi, ila kazi yao haikuwa na karatasi. Kazi ya ndani haina karatasi mpaka leo.

Ndiyo maana maneno "kumuunganisha na familia" sasa yananitia shaka nikiyaona peke yake. Ni maneno mazuri. Mtoto kweli anahitaji kwao. Lakini yakiwa peke yake yanafanya kazi ileile ya 1662: mji umetumia miezi 26 ya mtoto, umempa kovu, na gharama ya kumponya umemrudishia bibi.

Wapo wenzangu watakaosema, na mmoja ameshaniambia usoni, kwamba kazi yetu ni usalama wa mtoto, mambo ya mishahara yana watu wake. Hoja hiyo ina uzito. Nyumba za hifadhi ni chache, kila usiku una gharama, na mtoto aliyepigwa hawezi kuachwa kwenye mji ule ule akisubiri tarehe ya usuluhishi. Sikumwambia mwenzangu kwamba angemwacha. Nilimwambia kwamba fomu ya kufungulia shauri inajazwa kwa nusu saa. Ingejazwa siku moja kabla ya basi, mtoto angesafiri akiwa na barua mbili: moja ya kumpokea, nyingine inayoonyesha kwamba ana shauri. Wale "wenye mambo yao" wanamfahamu mfanyakazi anayekuja mlangoni kwao. Msichana wa ndani haendi mlangoni kwa mtu. Wa kwanza kumwona nje ya geti ni sisi.

Historia ya taaluma yetu ina watu waliolielewa hilo. Katika Uingereza na Marekani ya karne ya 19 kulikuwa na njia mbili. Jumuiya za kupanga misaada, ya London ikianza 1869, zilituma wageni nyumba kwa nyumba kuchunguza kila maskini mmoja mmoja, tabia yake, matumizi yake, kama anastahili. Mafaili yetu ni wajukuu wa kazi ile. Njia ya pili ni ya wale waliohamia kuishi mitaa ya maskini: Toynbee Hall, London, 1884, na Hull House, Chicago, 1889, ya Jane Addams na Ellen Gates Starr. Florence Kelley aliishi Hull House. Hakuishia kumsaidia mtoto mmoja wa kiwandani. Alihesabu watoto, akaandika ujira na saa zao, na mwaka 1893 jimbo la Illinois likatunga sheria ya viwanda iliyokataza kuajiri watoto wa chini ya miaka 14 na kuwawekea wanawake saa 8 za kazi kwa siku. Yeye mwenyewe akawekwa kuwa mkaguzi mkuu. Kifungu cha saa 8 kilibatilishwa na mahakama 1895. Hata ushindi wao haukuwa wa moja kwa moja.

Ila kuna jambo kwenye historia hiyo ambalo naona halisemwi vya kutosha. Sheria ile iliingia kiwandani, haikumfikia mfanyakazi wa jikoni. Na Marekani ilipopitisha sheria kubwa ya hifadhi ya jamii 1935, ushindi ambao watu wa ustawi walijivunia, wafanyakazi wa mashamba na wa majumbani waliachwa nje, na pamoja nao sehemu kubwa ya wafanyakazi weusi. Shirika la Kazi Duniani lilipata mkataba maalumu wa wafanyakazi wa majumbani 2011 tu, Mkataba Namba 189. Haki ilichukua zaidi ya karne moja kutoka kiwandani mpaka jikoni, na watu waliokuwa na ufunguo wa jikoni muda wote huo ni wale wanaotembelea nyumba.

Kwenye korido yetu njia zile mbili zimekuwa milango miwili. Mlango wa Ustawi ni wangu: mafaili, mtoto mmoja, ndoa moja, mzee mmoja. Mlango wa pili ni Maendeleo ya Jamii: vikundi, mikopo ya asilimia 10 ya halmashauri, mikutano. Tunasalimiana asubuhi. Baada ya swali la msichana nilibisha hodi mlango wa pili nikiwa na jalada, nikamwomba mwenzangu tupitie kabati langu pamoja. Tulitenga alasiri moja. Tulipata mafaili mengine matatu ya wasichana waliorudishwa kutoka Dar, kata ileile, yote yamefungwa kwa maneno yaleyale. Katika mawili kati ya hayo kulikuwa na namba ya simu ya mtu aliyewatafutia kazi. Ilikuwa namba moja. Ilikuwa ya shangazi.

Kwa miaka miwili namba hiyo ilikuwa ndani ya kabati moja, droo moja, na hakuna aliyeiona kwa sababu kila faili lilisomwa peke yake.

Tulimwita shangazi. Nilijiandaa kukutana na mtu mbaya. Alikuja mwanamke wa miaka arobaini na kitu, naye alitoka kijijini akiwa na miaka 14, akafanya kazi za ndani miaka tisa, sasa anauza vitenge na kupata elfu ishirini kwa kila msichana anayempeleka. Kwa maelezo yake alikuwa anawasaidia. "Mimi nani alinidai mshahara?" aliniuliza, na lilikuwa swali la kweli, hakulisema kwa ujeuri. Nilimweleza kwamba Sheria ya Kuzuia Usafirishaji Haramu wa Binadamu ya 2008 haimhitaji awe amemlazimisha mtu: mtoto akichukuliwa kwenda kunyonywa, ridhaa yake au ya bibi si utetezi. Jalada lake lilipelekwa polisi na liko huko. Sikufurahi nilipolipeleka. Ni lazima liwepo, lakini najua pia kwamba mama mwenye nyumba anakaa nyuma ya geti, na shangazi ndiye rahisi kukamatwa.

Kuhusu madai, tulipitia wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Wao walimpata mwenzao Dar. Maombi ya kuongezewa muda yalipelekwa, sababu ikielezwa kama ilivyo: mlalamikaji ni mtoto, aliondolewa na mamlaka kutoka eneo la mgogoro, hakuna aliyemweleza haki yake. Taarifa yangu ya uchunguzi wa kijamii niliiandika upya, safari hii kurasa sita, na nikaweka wazi kwamba kisa nilikifunga mimi. Kuiandika sentensi hiyo kulikuwa kugumu, lakini ndiyo iliyobeba maombi.

Muda uliongezwa. Mama mwenye nyumba alifika kwenye usuluhishi na hoja mbili: kwamba alikuwa anamlea kama mwanawe, na kwamba chakula alichokula ni mshahara. Mwanzoni alikataa kabisa kwamba kulikuwa na ajira. Alipoombwa aonyeshe maandishi hakuwa nayo. Zilizomgeuza ni zile risiti saba za elfu thelathini kwenye simu ya shangazi, kwani mtu hamtumii mwanawe mshahara. Walikubaliana 900,000 kwa mafungu mawili. Niliona ni ndogo na nilimwambia msichana hivyo, nikamweleza kwamba anaweza kukataa, shauri likaenda kwenye uamuzi, likachukua miezi. Alifikiri mbele yangu kwa muda mrefu. Akachagua kupokea. Uamuzi ulikuwa wake na bibi yake, na nilijizuia nisiupime kwa hasira zangu.

Fungu la kwanza lilipoingia, bibi alitaka pesa zitolewe na kuhesabiwa mbele ya mwenyekiti wa kitongoji, kwa sauti, noti moja moja, na mjukuu ndiye azihesabu. Alinunua mbuzi wawili. Nyingine zimewekwa kwa ajili ya kituo cha elimu ya watu wazima, anakotaka kusoma sekondari kwa mpango wa miaka miwili. Kesi ya pasi bado iko Dar, haijaitwa.

Mkutano mkuu wa kijiji ulifanyika mwezi uliofuata. Mwenzangu wa Maendeleo ya Jamii aliongea zaidi kuliko mimi. Wazee walikubali kwamba mtu anayekuja kuchukua mtoto afike kwa mtendaji, umri uangaliwe, na aliyefikisha umri wa kufanya kazi aondoke na karatasi inayotaja mwajiri, mtaa, mshahara na namba ya simu. Kijana mmoja alisema karatasi haitazuia kitu. Mzee mmoja, aliyewahi kuwa namba Korogwe, alisimama kwa mkongojo na kusema wao walikuwa na kipande, na kipande kilikuwa cha tajiri, hiki kitakuwa cha mtoto. Kikaandikwa kwenye muhtasari.

Wiki iliyopita simu ilitoka Dar kabla ya basi. Ni mwenzangu yuleyule aliyesaini ile barua ya aya mbili. Ana msichana wa miaka 16 wa tarafa yetu, ametolewa kwenye nyumba moja, nauli ipo tayari, basi ni alfajiri. Nilimuuliza alifanya kazi miezi mingapi. Hakujua. Nikasikia akimgeukia na kumuuliza, na sauti ya mtoto ikajibu kwa mbali: kumi na minne.

"Haya," akaniambia, "nitajie hiyo fomu inaanzia wapi."

Tulianza na jina la mwajiri.